Hawashindani na mkondo

Sisi tuliozoea makorongo makavu ya Dodoma, tukifika Ruaha Mkuu pale maji yanapokimbia juu ya miamba, huwa tunasema: humu haishi kitu, labda samaki mwenye nguvu. Si kweli. Maji ya kasi hubeba oksijeni nyingi, na pale yanapogusa jiwe, mwendo wake hupungua mno. Hapo ndipo penye makazi. Mtazame buu wa inzi mweusi, yule aenezaye usubi, ugonjwa unaoweza kupofusha: hutoa uzi laini kama hariri, akaubandika kwenye jiwe, kisha akajishikiza kwa vikulabu vya mkiani. Wala hahangaiki kuogelea! Hutandaza vishada viwili vya nywele kichwani, mithili ya chujio, na mto wenyewe humletea chakula. Akibanduka, huning'inia kwenye uzi wake.