Crystal Silence: Wawili Walitosha

Kila ninapomwekea mtu albamu hii, wimbo wa kwanza haufiki katikati kabla hajauliza, "Ngoma ziko wapi?" Hazipo. Besi nayo haipo. Yupo Chick Corea kwenye piano na Gary Burton kwenye vibrafoni, basi. Naipenda mno albamu hii, ndiyo maana inaniuma kusikia ikisemewa yasiyo ya kweli.

"Jazi bila ngoma ina pengo."

Sikiliza "Señor Mouse", wimbo unaofungua. Mkono wa kushoto wa Corea unabeba kazi ya besi, na anapoanza solo yake Burton anashika mdundo nyuma yake. Baadaye wanapokezana. Mguu wako utaanza kupiga sakafu wenyewe.

"Vibrafoni si marimba tu hiyo?"

Hapa nitakaa kidogo. Neno marimba ni la Kibantu, na kwa sura ala hizi mbili zinafanana kweli. Ila marimba aipigayo mtu kwenye okestra ni ya mbao, na mbao hulia mara moja ikanyamaza. Vibrafoni ni vipande vya alumini, kwa kawaida 37, vimepangwa kama vibao vya piano, kila kimoja na bomba lake chini. Ukikigonga, kinavuma muda mrefu. Ndiyo maana ikawekwa pedali: ukiikanyaga, mvumo unaendelea, ukiiachia, ubao wenye kitambaa kinene unagusa vipande vyote, sauti inakatika.

Sasa, tatizo liko kwenye hilo neno "vyote". Burton alipiga kwa vijiti vinne, viwili kila mkono. Kijiti kimoja kinapogonga sauti mpya, kingine kinatua taratibu juu ya kipande kinachovuma na kukizima hicho peke yake, vingine vikiendelea kulia. Ni kazi ya kufumba na kufumbua, na anaifanya bila kupunguza mwendo. Bila ufundi huo, piano na vibrafoni, ala mbili za kugongwa zinazovuma na kugombea sauti zile zile za katikati, zingegeuka ukungu mtupu.

Wapo pia wanaosema vibrafoni lazima itetemeke. Mtetemo ule huletwa na mota inayozungusha visahani kwenye midomo ya mabomba, na mota huzimwa. Burton alipenda kupiga bila hiyo.

"Sauti safi hivi lazima ilipikwa studio kwa miezi."

Ilikuwa siku moja: 6 Novemba 1972, mjini Oslo. Mwaka huo huo wawili hawa walikuwa wamepiga pamoja jukwaani Munich, na Manfred Eicher wa lebo ya ECM akawashikilia warekodi. Fundi mitambo alikuwa Jan Erik Kongshaug. Alikuwa bingwa, hilo sipingi, lakini nafasi unayoisikia kati ya sauti na sauti ilitoka mikononi mwa wapigaji.

"Ni albamu ya Corea, Burton kamsindikiza."

Hili ndilo linaloniudhi zaidi. Corea alitunga nyimbo tano kati ya tisa, ukiwemo ule uliotoa jina la albamu. Tatu ni za Steve Swallow, mpiga besi wa siku nyingi wa Burton. Kwa hiyo besi haikuingia studio, lakini fikra za mpiga besi zimejaa humo; "Falling Grace" ni mfano mzuri. Uliobaki, "Feelings and Things", ni wa Mike Gibbs, mzaliwa wa Salisbury, mji tunaouita leo Harare.

"Walikutana mara moja tu, yakaisha."

Waliendelea kupiga pamoja kwa zaidi ya miaka 30. Mwaka 2008 ikatoka The New Crystal Silence, na kwenye diski ya kwanza wamezungukwa na okestra ya simfoni ya Sydney. Ni nzuri, nami huisikiliza. Ila usiku, taa zikishazimwa, narudi kwenye ile ya Oslo.