Urojo Haungoji Magharibi

Wageni wanaoshuka boti kutoka Dar es Salaam huniuliza swali moja kabla hata hawajaweka mizigo: "Forodhani tunakwenda saa ngapi?" Wameambiwa chakula cha usiku cha Unguja kiko huko, kwenye bustani ya ufukweni, basi wanataka wafikishwe, wale, wapige picha, wakalale. Mimi natembeza watu Mji Mkongwe, jioni hasa, na jibu langu huwaudhi kidogo. Forodhani tutafika, lakini njaa usiipeleke huko nzima nzima.

Watu hudhani kazi yetu ni ya mdomo, kwamba anayejua hadithi nyingi ndiye mtembezaji bora. Kwa matembezi ya mchana, labda. Ngome Kongwe utaikuta pale pale saa tatu asubuhi na saa nane mchana. Jioni mambo ni mengine: mafuta ya badia yana saa yake, maji ya bahari yana saa yake, adhana ina saa yake na makaa yana saa yake, na hakuna hata kimoja kinachomsubiri mgeni anayechelewa kuoga hotelini. Nikikuambia tukutane saa kumi na nusu, nina maana saa kumi na nusu.

Naanzia Darajani. Soko la pale ni la mwaka 1904, na jina la mahali ni la daraja lililovuka hori la bahari lililokuwa likiutenga Mji Mkongwe na Ng'ambo. Hori limefukiwa zamani, juu yake inapita barabara, lakini jina limebaki na Ng'ambo imebaki Ng'ambo. Huwa nawasimamisha wageni hapo dakika mbili tu, kwa sababu pua zao zimeshanusa kitu kingine.

Urojo ni chakula cha alasiri. Mtoto wa Unguja anajua hivyo bila kuambiwa: ukitoka chuoni, ukitoka kazini, unapitia bakuli lako. Uji wenyewe ni wa unga wa ngano na bizari ya manjano, ukali wake unatokana na ndimu na embe bichi, nao uwe mzito kidogo kuliko supu na mwepesi kuliko mchuzi. Ndani yake huingia mbatata za kuchemsha, badia, kachori, vipande vya mishkaki, yai ukitaka, chatne ya nazi na pilipili, kisha juu hunyunyiziwa chipsi za muhogo zilizokatwa nyembamba kama nyuzi. Hizo chipsi ndizo zinazokupa kipimo. Zikiwa zimekaangwa sasa hivi, kijiko cha kwanza kinalia mdomoni. Zikiwa za saa tatu zilizopita, zinanywea kama karatasi iliyolowa. Badia nayo ikitoka mafutani inanyonya urojo na kubaki na kiini chake. Iliyolala inavunjika ikawa uji ndani ya uji. Ndiyo maana nakupeleka saa kumi na moja jioni kwa mtu anayekaanga huku anauza. Saa mbili usiku utauziwa urojo pia, hakuna anayekataa pesa, ila utakuwa umekula mabaki kisha ukarudi bara kusimulia kwamba urojo ni chakula cha kawaida tu.

Bakuli moja watu wawili. Nasisitiza hapo, na kuna wanaoninung'unikia kwamba nawabania chakula nilicholipwa niwalishe.

Kutoka hapo tunaingia vichochoroni kupitia Mkunazini. Kanisa la Anglikana limejengwa palipokuwa soko la watumwa, lililofungwa mwaka 1873. Napita nalo kwa nje, tena kwa sauti ya chini. Makumbusho yake saa hizo yanakaribia kufungwa au yameshafungwa, na hata yangekuwa wazi, pale si mahali pa kuingia huku unajipangusa pilipili mdomoni. Anayetaka namwambia arudi asubuhi, peke yake.

Milango ndiyo inayoshika wageni njiani. Ule wenye upinde juu una asili ya Kihindi, ule ulionyooka juu na kuchongwa kwenye kizingiti ni wa Kiarabu, na misumari mikubwa ya shaba ni mtindo uliokuja kutoka Bara Hindi. Kuna wenzangu wanaosimulia kwa uso mkavu kwamba misumari hiyo ni ya kuzuia tembo wasisukume mlango. Tembo wa vita, Unguja! Kichochoro kimoja Sokomuhogo mpanda baiskeli na mama mwenye kikapu hupishana kwa kuombana radhi. Huyo tembo angegeukia wapi? Misumari ilikuwa fahari ya mwenye nyumba, basi.

Saa kumi na mbili kamili nataka tuwe ufukweni. Hapa ndipo kalenda yangu ya mwezi inapofanya kazi. Vijana wanaochupa baharini kutoka ukuta wa Forodhani, mchezo tunaouita makachu, hawachupi kila jioni. Wanahitaji maji. Bahari hujaa mara mbili kwa siku, na kila siku huchelewa kwa kiasi cha dakika hamsini. Siku za bamvua, mwezi ukiwa mpevu au ukiwa ndio kwanza unaandama, kwetu maji hujaa karibu na saa kumi jioni. Siku mbili tatu baadaye yanajaa jua likizama. Hizo ndizo jioni za makachu. Utaona kijana anakimbia hatua sita, anaruka sarakasi hewani, jua liko nyuma yake, na umati ukutani unapiga kelele. Wiki moja baada ya hapo, saa ile ile, maji yamekupwa na ukuta umekauka, na mgeni aliyeona video kwenye simu yake ananitazama kana kwamba nimewaficha vijana nyumbani kwangu. Kwa hiyo ukiniandikia kuuliza tarehe nzuri ya kuja, usishangae nikianza kukuuliza habari za mwezi.

Wakati wa kusubiri jua, migongo yetu inaelekea Beit al-Ajaib, Jumba la Maajabu. Sultani Sayyid Barghash aliijenga mwaka 1883. Tarehe 27 Agosti 1896 meli za Waingereza zilipiga mizinga eneo hili la majumba ya sultani, vita vikaisha kabla ya saa moja kutimia, na jumba likabaki limesimama. Mizinga haikuliangusha, lilidondoka lenyewe, sehemu kubwa ya mbele, tarehe 25 Desemba 2020 wakati wa ukarabati, na watu wawili wakafa. Nasema hivyo tu halafu nanyamaza. Wazee wanaopita hapo hutazama upande mwingine.

Kisha adhana. Jua letu halibadiliki sana mwaka mzima, Magharibi huangukia kati ya saa kumi na mbili na dakika kumi na saa kumi na mbili na dakika kama hamsini. Misikiti mingi ya Mji Mkongwe haina minara, imejibanza kati ya nyumba kama nyumba nyingine, kwa hiyo mgeni hushtuka kusikia sauti ikitoka kwenye ukuta aliokuwa ameuegemea. Wauzaji wengine huacha meza wakaenda kusali. Wewe kaa kitako, weka simu mfukoni, usimpige picha mtu anayetawadha. Ni dakika chache.

Wakirudi, makaa yamekolea. Sasa tule Forodhani.

Jina linatokana na forodha, ushuru wa bandari, na bustani unayoiona ilikarabatiwa na shirika la Aga Khan ikafunguliwa upya mwaka 2009. Wauzaji wanavaa mavazi meupe ya wapishi na kofia ndefu, na meza zimepangwa hadi macho yanachoka: pweza, ngisi, kamba, jodari kwenye mishkaki, kaa, muhogo wa kuchoma, ndizi, mkate wa ajemi. Miaka yangu ya kwanza nilifanya kosa ambalo wengi bado wanalifanya. Nilileta wageni wanane moja kwa moja wakiwa na njaa, nikawaacha wachague kwa macho. Mmoja akachukua ngisi mwekundu wa kupendeza kwenye lundo kubwa. Usiku kucha hakulala, na mimi sikulala. Nina yakini ngisi yule aliuona moto jana yake.

Tangu siku hiyo nina utaratibu. Usiulize "hii ya leo?" kwa sababu jibu ni moja tu duniani. Tazama lundo: meza yenye vitu vichache na makaa mekundu ni bora kuliko meza iliyojaa hadi juu na jiko linalofuka moshi. Tazama kingo za mshikaki. Zikiwa zimejikunja na kukauka, umechomwa mapema na sasa utapashwa moto tu. Taka uchomewe uliokuwa mbichi na usimame hapo. Pweza ni shauri jingine, huyo huchemshwa kwanza ili alainike, kwa hiyo usiogope kumkuta amebadilika rangi. Na sahani usimpe muuzaji aijaze mwenyewe huku anakuita "kaka yangu". Kila kitu kiulizie bei kabla hakijagusa jiko. Ndugu zangu wa bara, Kiswahili chenu hakitawaokoa na bei ya mgeni. Lafudhi inasikika tangu salamu.

Wanaoogopa bahari nawapeleka kwenye piza ya Zanzibar. Jina la piza linawachekesha Waitaliano, na wana haki. Donge la unga hupigwa likawa jembamba hadi unaona meza upande wa pili, hutiwa kima, vitunguu, yai, jibini na mayonezi, hukunjwa pande nne kama bahasha na kukaangwa juu ya chuma. Kwa bibi zetu jamaa yake ni mantabali, na Waarabu wana mutabbaq yao, neno lenye maana ya kitu kilichokunjwa. Zile zenye ndizi na chokoleti ni za wageni. Watoto wangu wanazipenda, mimi nanyamaza. Shushia juisi ya miwa yenye tangawizi na ndimu, iliyokamuliwa mbele yako.

Ramadhani mpango wote huu unageuka juu chini. Mchana hakuna kula barabarani, mji unaamka baada ya futari na Forodhani inajaa baada ya tarawehe. Wengine hukwepa mwezi huo. Mimi ndio ninaoupenda kuliko yote, lakini uje umejiandaa kulala saa nane usiku.

Baada ya Isha tunarudi ndani ya mji, hadi Jaws Corner pale Sokomuhogo, kwa kahawa chungu. Dele la kahawa liko juu ya makaa, vikombe ni vidogo kiasi cha kufichika kiganjani, sukari hakuna, utamu unatoka kwenye kashata. Hapa sitoi maelezo yoyote. Nawaambia wageni wasalimie kwanza: "Assalaam aleikum," na kwa mzee, "Shikamoo." Ukishaitikiwa marahaba, umepewa kiti barazani. Wanaume ndio wengi usiku huo, lakini mgeni wa kike aliyesalimia vizuri hajawahi kufukuzwa mbele yangu. Kuna dumna, kuna siasa, kuna mpira wa Uingereza, na zote tatu huchezwa kwa kelele zile zile. Mtembezaji mwenye leseni ya Kamisheni ya Utalii na papasi, yule asiye na leseni, aliyekuokota bandarini mnaweza msiwatofautishe kwa kitambulisho, watofautisheni hapa. Aliyetulia barazani akaulizwa habari za mama yake ni mtu wa mji.

Mwaka jana nilikuwa na mama mmoja wa Mwanza, mtu wa kula hasa. Urojo alionja vijiko vitatu, akasema anajiwekea nafasi ya Forodhani. Saa tatu usiku, tumemaliza kahawa, akaniambia moyo wake umebaki kwenye lile bakuli. Tukarudi hadi kwa yule bibi muuza urojo. Sufuria limeinamishwa, yeye anasuuza mabakuli.

"Njoo kesho alasiri, mwanangu," akamwambia.

Boti yake ilikuwa ya asubuhi. Akanigeukia mimi: "Wewe nawe, si ungenilazimisha?"