Ninga wa Pemba si ninga wa Tanga

Huku Tanga, Pemba ni jirani wa ng'ambo ya maji, na wengi wetu tuna ndugu kule. Lakini kuhusu ninga wa kisiwa hicho, njiwa wa kijani mla matunda, tunasema mengi yasiyo kweli, na baadhi yake yanamponza.

La kwanza: "Ninga ni yule yule." Hapana. Huyu wa kwetu, tunayemuona kwenye mikuyu, ameenea sehemu kubwa ya Afrika kusini mwa Sahara. Wa Pemba hapatikani popote duniani ila Pemba na visiwa vidogo vilivyo kando yake. Wanasayansi walimtambulisha mwaka 1940. Ukimpata karibu humchanganyi na mwingine: kichwa na kifua ni vya kijivu, mgongo kijani, begani ana doa la zambarau, na mdomo ni mwekundu kwenye shina. Wa kwetu ana kijani chenye umanjano hadi kifuani.

Hapo ndipo linapozaliwa kosa lenye madhara zaidi: "Wakiisha kule, watavuka wengine kutoka bara." Zama za barafu bahari iliposhuka kama mita 120, Unguja iliungana na bara, kwa kuwa mkondo wake, yaani bahari iliyo kati yake na bara, hauna kina. Mkondo wa Pemba una kina cha mita mamia, mahali pengine karibu 800, hivyo Pemba ilibaki kisiwa. Ndiyo sababu Unguja ina ninga wa bara na Pemba ina wake. Hata ninga wa Tanga wakivuka leo, hawatakuwa badala ya wale.

Wapo wanaomwita kasuku kwa sababu ya rangi na jinsi anavyoning'inia kichwa chini akichuma matunda. Ni njiwa kamili, na makinda huyalisha maziwa yanayotengenezwa gorini mwake, yaani kwenye kifuko cha chakula kilicho kooni.

"Kila ndege mla matunda hupanda msitu" nayo inahitaji kutazamwa upya. Jamii ya ninga ina firigisi nene yenye misuli. Huko Asia imeonekana wazi kwamba ndugu zake husaga mbegu za mikuyu badala ya kuzitoa nzima. Kwangu mimi hilo halimpunguzii thamani. Ndege halazimiki kutufanyia kazi ndipo aachwe aishi.

Kisha kuna wanaosema yuko salama kwa kuwa Ngezi, kule Pemba, ni msitu wa hifadhi. Ngezi ni ya maana sana, lakini ina kilomita za mraba kama 14 tu, na ninga hafungwi na mipaka. Hufuata matunda hadi mashambani na vijijini. Mkuyu mkubwa ukikatwa nyuma ya nyumba, ni chakula chake kimeondoka, na kijana mwenye manati humkuta huko huko. Kimataifa amewekwa kwenye kundi la viumbe walio hatarini.

La mwisho ni kwamba wanakijiji hawawezi kulinda mnyama wanayemla. Popo mkubwa wa Pemba, mla matunda naye, na wa kisiwa hicho peke yake, aliwindwa kwa ajili ya kitoweo hadi akakaribia kutoweka. Miaka ya 1990 wenyeji walianzisha vilabu vya kumlinda, na leo pale Kidike, kisiwani Pemba, hulala kundi kubwa juu ya miti, na wageni hulipa kiingilio kuja kuwatazama.