Marehemu hakuwa na payslip: kipato chake kinathibitishwaje mahakamani?

Mombasa imejaa watu wanaolisha familia bila kuandikiwa mshahara popote: dereva wa tuktuk wa Likoni, mchuuzi wa samaki, kibarua anayeitwa bandarini kazi ikiwapo, fundi wa Majengo. Mmoja wao akiuawa na gari, mjane huambiwa mapema, mara nyingi na jamaa zake mwenyewe, kwamba maadamu marehemu hakuwa na payslip, fidia ya kipato hakuna. Si kweli, na maneno hayo yamewafanya wajane kutia sahihi malipo madogo ambayo hawakupaswa kuyakubali.

Mwaka 2005 Mahakama ya Rufaa ya Kenya ilikataa dhana kwamba kazi ya mtu huthibitishwa kwa vyeti tu na kipato chake kwa makaratasi tu. Majaji walisema msimamo kama huo ungewadhulumu Wakenya wengi wasiosoma na wasioweka rekodi, ilhali wanajitafutia riziki. Mzigo wa kuthibitisha hata hivyo unabaki kwa familia. Kusema "alikuwa akipata vizuri" hakumsaidii hakimu, kwa sababu anachohitaji ni tarakimu ya kuanzia hesabu.

Tuchukue mfano. Dereva wa tuktuk mwenye miaka 36, ana mke na watoto. Kwa siku anakusanya shilingi 2,400. Anampelekea tajiri, yaani mwenye tuktuk, hesabu ya 1,000, petroli inakula 500, anabaki na 900. Akifanya kazi siku 25 kwa mwezi, kipato chake halisi ni 22,500. Kwa mtu mwenye mke na watoto, mahakama kwa kawaida huchukua thuluthi mbili kuwa ndiyo sehemu iliyokuwa ikifika nyumbani, yaani 15,000. Kwa mwaka ni 180,000. Hakimu akiona angefanya kazi miaka 20 zaidi, baada ya kupunguza kwa ajili ya maradhi na misukosuko ya maisha, jumla ni shilingi 3,600,000. Thuluthi mbili si amri ya sheria. Hutegemea nani hasa alikuwa akimtegemea marehemu, na kwa kijana asiyeoa mara nyingi hushuka hadi thuluthi moja.

Kipato kisipothibitishwa, baadhi ya mahakimu hutumia mshahara wa chini unaotangazwa na serikali, ambao kwa Mombasa ni wa juu kuliko wa miji midogo. Wengine huacha hesabu ya miaka kabisa na kutoa kiasi kimoja cha jumla.

Sasa ushahidi wenyewe. Kwa dereva wetu, shahidi mwenye uzito kuliko wote ni tajiri wa tuktuk, hasa kama ana daftari la hesabu za kila siku. Mwenyekiti wa steji anaweza kueleza siku alizofanya kazi na mapato ya kawaida ya njia ile. Mchuuzi wa samaki ana aliyekuwa akimuuzia mzigo na wateja wa kudumu. Kisha tazama pesa zilikokwenda: risiti za karo, kodi ya nyumba, kitabu cha chama, michango ya SACCO. Anayelipa kodi ya 7,000 na karo ya watoto watatu kila muhula hawezi kuwa alikuwa akipata 8,000 kwa mwezi, na hakimu huiona hoja hiyo haraka.

Laini ya simu ya marehemu itunzeni. Taarifa ya M-Pesa huonyesha fedha zikiingia na kutoka mwezi baada ya mwezi, na ndiyo rekodi pekee ya biashara waliyo nayo watu wengi. Kampuni ya simu itataka cheti cha kifo na hati ya usimamizi wa mali kabla ya kuitoa. Ujumbe na picha zinazochapishwa kutoka kwenye simu lazima ziambatane na cheti kinachotakiwa na kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Kesi nzuri hudhoofika kwa kukosa karatasi hiyo moja.

Tafadhalini, msitie chumvi. Mjane akisema 60,000 kwa mwezi, tajiri aseme 900 kwa siku, wakili wa bima hatahangaika na ile 60,000 pekee; atamwomba hakimu asiamini chochote alichosema mjane. Semeni kipato baada ya kutoa gharama, na mashahidi wote waeleze walichokijua wenyewe.

Kwa familia zinazozika siku hiyo hiyo, bila maiti kufanyiwa upasuaji wa uchunguzi, haki ya kudai haipotei. Hakikisheni tu kwamba ripoti ya daktari na kibali cha mazishi vinataja majeraha ya ajali kuwa chanzo cha kifo, na mchukue mapema abstract ya polisi, yaani muhtasari wao rasmi wa ajali.

Chini ya Sheria ya Ajali za Vifo, Sura 32, wanaofidiwa ni mke, mume, wazazi na watoto. Ndugu hawamo, hata kama marehemu ndiye aliyekuwa akiwasomesha. Mke athibitishe ndoa: cheti cha kadhi kikiwapo vyema, la sivyo barua ya chifu na mashahidi. Anayefungua kesi kwa niaba ya mirathi aombe kwanza hati ya usimamizi kwa ajili ya kesi hiyo, na kesi ifunguliwe ndani ya miaka 3 tangu kifo.

Bima ya gari kisheria hailazimiki kulipa zaidi ya shilingi milioni 3 kwa mdai mmoja. Katika mfano wetu, 600,000 zinazobaki zitadaiwa kwa mwenye gari, kwa hiyo pateni rekodi ya umiliki wa gari kutoka NTSA, mamlaka ya usafiri na usalama barabarani, mapema. Bima yenyewe hupewa notisi kabla ya kesi kufunguliwa au ndani ya siku 14 baada ya hapo. Mwombeni wakili nakala ya notisi hiyo yenye muhuri wa kampuni, muiweke nyumbani.