Je, wajua? Kristali ya muda ipo kweli, ila hairudishi jana

Kwenye muvi na magemu lile jiwe halikosekani, linang'aa bluu au kijani, limefichwa pangoni huko, atakayelishika anasimamisha muda, anarudi jana, anamuokoa mchumba wake halafu anaharibu kila kitu kingine. Sasa swali linakuja, hawa watunzi wanavitoa wapi hivi vitu, kuna hata punje ya ukweli? Ipo. Kuna maabara zimetengeneza kitu kinaitwa kristali ya muda, jina hilohilo, na ni sayansi kabisa sio porojo, ila kazi yake sio hiyo unayoifikiria na kwa maoni yangu ni ya ajabu kuliko ile ya kwenye muvi.

Tuanze na kristali za kawaida. Chumvi ya jikoni ni kristali, almasi, barafu, tanzanite, zote hizo. Ukizama ndani unakuta atomu zimejipanga kwa mtindo mmoja unaojirudia, ukishaona kipande kidogo umeshajua jiwe zima lilivyopangwa. Yaani mpangilio unajirudia kwenye nafasi. Mwaka 2012 mwanafizikia wa Marekani anaitwa Frank Wilczek, ambaye Nobel alishaichukua 2004 kwa kazi nyingine tofauti kabisa, akauliza swali ambalo ukilisikia haraka haraka unaona la kitoto: kama vitu vinaweza kujipanga na kujirudia kwenye nafasi, kwa nini visijirudie kwenye muda? Alimaanisha kitu kilichotulia tuli, hakisukumwi na yeyote, nishati yake iko chini kabisa hakuna tena pa kushuka, lakini bado kinajigeuza, kinarudi kilivyokuwa, kinajigeuza tena, hivyo hivyo bila kuchoka.

Wenzake wakamrukia, na ukweli walikuwa na haki, maana hiyo inanukia ile mashine ya kujiendesha bila mafuta ambayo kila siku kuna mtu anarusha video WhatsApp eti kaigundua. Patrick Bruno wa kule Ufaransa alipinga mapema, halafu 2015 Wajapani wawili, Haruki Watanabe na Masaki Oshikawa, wakaleta hesabu kuonyesha kwamba kitu kilichotulia vile hakiwezi kufanya hayo. Wengi wakajua biashara imeisha.

Kumbe bado. Mwaka 2016 kuna vikundi vya wanafizikia wakaja na njia ya pembeni, wakasema sawa, kitu kilichotulia hakiwezi, je kitu unachokigonga gonga kwa mpigo maalum? Hapa ndo utamu ulipo kwahiyo nitakaa kidogo.

Chukua mpiga ngoma anapiga dum, dum, dum, na mchezaji mmoja anakanyaga mara moja tu kila mipigo miwili. Mpiga ngoma akiteleza kidogo, akapiga hafifu au akazidisha nguvu, mchezaji hayumbi, yeye anashikilia mbili kwa moja yake. Mwaka 2017 kikundi cha Christopher Monroe chuo kikuu cha Maryland kilifanya kitu hicho kwa atomu 10 za madini yanaitwa iterbiamu, zikiwa zimepangwa mstari mmoja na kila moja ina kausumaku kake kadogo kanaweza kuangalia juu au chini. Leza inapiga, visumaku vyote vinapinduka, leza nyingine inafanya viathiriane vyenyewe kwa vyenyewe, na mzunguko unaanza upya. Vikawa vinarudi pale pale vilipoanzia kila baada ya mizunguko miwili. Utasema aah, hiyo si hesabu tu, ukipindua mara mbili si lazima kirudi? Ndio, ila wao walikuwa wanaipunguza ile leza makusudi isipindue sawasawa, na kwa akili ya kawaida makosa yale yanatakiwa yajumlike mpaka mdundo upotee, lakini vile visumaku vikashikana pamoja vikabaki kwenye mbili kwa moja bila kuteleza. Kushikana huko ndiko kunaipa haki ya kuitwa kristali.

Kitu kingine ambacho mimi bado kinanishangaza, ukiendelea kukigonga kitu kwa leza kwa kawaida kinakula nishati, kinapata joto, mwisho ni vurugu tupu. Hiki hakipati joto hivyo. Na dawa waliyotumia Maryland ni kuweka fujo kidogo ndani yake, yaani kila atomu wakaipa hali yake tofauti kidogo na ya jirani ili nishati isipate njia ya kusambaa. Fujo inalinda utaratibu, bana.

Mwezi huohuo, Machi 2017, kikundi cha Mikhail Lukin cha Harvard nacho kikatangaza ya kwake, wao walitumia almasi nyeusi, nyeusi kwa sababu imejaa kasoro, na hizo kasoro ndo zilikuwa zinacheza. Hawakuhitaji baridi kali, ilikuwa kwenye joto la kawaida la chumba. Mwaka 2021 Google nao wakaifanya ndani ya kompyuta yao ya kwanta, ile inayopiga hesabu kwa kufuata sheria za vitu vidogo kabisa kama atomu, wakitumia kyubiti 20, yaani vile vipande vyake vidogo vya kushikilia taarifa. Na 2024 watafiti wa Dortmund, Ujerumani, wakaonyesha moja iliyodumu dakika 40, ambayo kwa vitu hivi ni kama umri wa babu, maana nyingi zinakufa ndani ya sekunde moja.

Ila kilichonichekesha ni cha chuo kikuu cha Yale, Marekani, 2018. Walikuta dalili za kristali ya muda kwenye monoamonia fosfeti, kemikali ambayo watoto huko kwao wanaotesha kristali zake nyumbani wakitumia vifaa vya kununua dukani, na huku kwetu mkulima yeyote anaijua jamii yake, ni ndugu wa ile mbolea ya DAP. Wale wanaotafuta jiwe la ajabu pangoni poleni.

Sasa inafanya nini? Haikurudishi ulikotoka, haisimamishi chochote, na umeme huwezi kuchota humo, ukitaka kuchota tu mchezo umekwisha. Wanaoifuatilia wanaitaka kwa ajili ya kompyuta za kwanta, ambazo ugonjwa wake mkubwa ni kusahau haraka, na kitu kinachoshikilia mdundo hata ukikivuruga kina thamani hapo. Kwa kupima muda tayari tuna kwatzi, ile kristali ndani ya saa yako ya mkononi ya betri inayotetemeka mara 32,768 kwa sekunde, na hiyo wala sio kristali ya muda, ni kristali ya kawaida iliyoajiriwa kuhesabu.

Na kama bado unataka kitu kinachopinda muda kwelikweli, hicho kipo chini ya miguu yako. Uzito. Einstein alisema mapema kwamba ukiwa karibu na kitu kizito saa yako inaenda polepole, na ndio maana saa za setilaiti za GPS lazima zirekebishwe, bila hivyo zingetangulia za hapa chini kwa kama mikrosekunde 38 kila siku (mikrosekunde moja ni sekunde ukiigawa mara milioni). Hata mlimani ipo. Ukipiga hesabu, mtu akikaa kileleni Kilimanjaro, mita 5,895, mwaka mzima, saa yake inaitangulia ya mtu wa Tanga kwa kama mikrosekunde 20. Akikaa huko miaka 80 hata milisekunde mbili hazifiki, na kibaya zaidi yeye ndo anakuwa amezeeka zaidi. Kwahiyo anayetaka kubaki kijana kwa fizikia ahamie pwani tu.