Cybulski Hakuwa James Dean wa Polandi

Kila muhula ninapofundisha sinema ya Polandi, kabla hata sijawasha projekta, hutokea mwanafunzi akanifahamisha kwamba mwigizaji Zbigniew Cybulski alikuwa "James Dean wa Polandi", yaani mfano wa yule nyota wa filamu wa Marekani aliyesifika kwa kuigiza vijana waasi. Muhula huu wamelisema watatu, nami subira imeniishia.

Wenye dhana hiyo huamini kwamba Cybulski alimwiga Mmarekani huyo kwa mavazi na mwendo, kisha akafa kijana kama yeye. Tuanze na hesabu, ambayo haihitaji shahada. Cybulski alizaliwa tarehe 3 Novemba 1927, zaidi ya miaka mitatu kabla ya Dean. Dean alifariki akiwa na umri wa miaka 24, ilhali Cybulski alifikia 39, akiwa amekwisha kunenepa na kuigiza wanaume waliochoka na maisha. Ni kweli kwamba katika Popiół i diament ("Majivu na Almasi"), filamu ya Andrzej Wajda ya mwaka 1958, maleba yake ni ya vijana wa miaka ya hamsini ingawa kisa kinatokea Mei 1945, vita vinapomalizika Ulaya. Lakini Maciek Chełmicki, mhusika aliyemwigiza, hana ugomvi na baba yake kama wahusika wa Dean. Ametumwa kumuua ofisa wa chama cha kikomunisti, amekwisha kuua kwa makosa watu wawili wasiohusika, na upande aliopigania, ule wa Armia Krajowa, jeshi la siri la Wapolandi lililopigana na Wajerumani, umeshindwa hata baada ya Wajerumani kushindwa. Ile miwani nyeusi, ambayo kila mtu huitaja kana kwamba ni pambo, imeelezwa ndani ya filamu yenyewe: Maciek anamwambia Krystyna, mhudumu wa baa, kwamba aliivaa kwa sababu ya kukaa mno ndani ya mifereji ya maji machafu wakati wa maasi ya Warszawa ya 1944, wapiganaji wa Armia Krajowa walipopita humo kuwakwepa Wajerumani. Mtazamaji wa Polandi, aliyezoea filamu zinazopita mikononi mwa wadhibiti wa serikali, hakuhitaji kuongezewa neno. Tena Cybulski mwenyewe alikuwa na macho mabovu. Anayemwita mwigaji ameitazama miwani asiyasikilize maneno.

Ndiyo maana huwashauri wanafunzi wasianze na filamu hiyo, bali na Jak być kochaną ("Jinsi ya Kupendwa") ya Wojciech Has, iliyotoka 1963. Humo Cybulski ni mwigizaji anayefichwa na mwanamke anayempenda wakati Wajerumani wameikalia nchi. Ni mtu dhaifu, mwenye majivuno, anayeishia katika ulevi, na ushujaa wote ni wa mwanamke. Aliyekwisha kuiona hiyo haji kwangu na habari za Dean.

Wengine hudai kwamba alikuwa mtu wa filamu tu. Hao nao wamesahau jukwaa. Alipohitimu chuo cha uigizaji cha Kraków mwaka 1953 alikwenda katika mji wa Gdańsk, kwenye ukumbi wa maigizo wa Teatr Wybrzeże, na mwaka uliofuata yeye na rafiki yake Bogumił Kobiela walikuwa miongoni mwa waanzilishi wa Bim-Bom, kikundi cha maigizo cha wanafunzi. Mwaka 1959 aliigiza Gdańsk, chini ya uongozaji wa Wajda, tamthilia ya Kimarekani kuhusu askari wa zamani aliyenaswa na dawa za kulevya. Anayetafuta Marekani kwa Cybulski angalau hapo angekuwa na pa kushika.

Kuhusu kifo chake nimesikia kwamba alijiua, na pia kwamba alifia mbele ya kamera. Yote mawili si kweli. Alfajiri ya tarehe 8 Januari 1967, akitoka Wrocław alikokuwa akipiga filamu, alijaribu kurukia treni ya Warszawa iliyokwisha kuondoka, jambo alilokuwa na mazoea nalo, akateleza na kuanguka kati ya behewa na ukingo wa stesheni. Kibao cha kumbukumbu kimetiwa kwenye sakafu ya jukwaa la abiria pale pale, na wasafiri wa Warszawa hukipita wakiwahi treni.