Unataka Habari za Serikali Kenya? Mambo Tunayoaminishwa na Sheria Inavyosema

"Wewe ni nani, na kandarasi hii unaitakia nini?" Karani wa kaunti akikutolea macho namna hiyo, wengi hunywea wakarudi nyumbani. Swali la kwanza ana haki nalo. La pili hana. Kifungu cha 35 cha Katiba ya 2010 kinampa kila raia haki ya kupata habari zilizo mikononi mwa serikali, na sheria ya mwaka 2016 inayotekeleza kifungu hicho inasema sababu zako hazipunguzi haki hiyo. Hata afisa akihisi unamtafutia MCA, yaani mwakilishi wa wadi, makosa kwa ajili ya uchaguzi ujao, hiyo ni hisia yake.

"Ukishachukua paspoti ya nje, huna chako."
Mkenya wa kuzaliwa hapotezi uraia kwa kuchukua wa nchi nyingine, tangu Katiba ya 2010. Aliyeko Minneapolis na paspoti ya Marekani anaweza kuulizia pesa za zahanati ya kwao Garissa. Waliopoteza uraia kabla ya Katiba hii ndio wanaohitaji kwanza kuomba urejeshwe.

"Shirika si raia, haliwezi kuomba."
Hii ina chimbuko lake. Mwaka 2013, kwenye kesi ya jarida la Nairobi Law Monthly dhidi ya kampuni ya umeme ya KenGen, Mahakama Kuu ilisema kampuni haihesabiki kuwa raia kwa ajili ya kifungu cha 35. Sheria ya 2016 ikaufungua mlango huo: taasisi binafsi inayodhibitiwa na Wakenya nayo ni "raia" hapa. Kampuni ya kigeni bado iko nje.

"Asiye raia akae kimya."
Hapa ndipo pagumu, na kwa maoni yangu ndipo sheria yetu ilipojibana bila sababu. Wapemba wa Kwale na Kilifi waliishi pwani hiyo kwa vizazi, wakivua na kuuza samaki, hadi serikali ilipowatambua kuwa raia mwaka 2023. Kabla ya hapo, mvuvi asiye na kitambulisho hakuweza kukitegemea kifungu cha 35 kudai mkataba wa gati analoegesha ngalawa yake.

Lakini hakuwa mtupu, wala mkimbizi wa kambi ya Kakuma leo si mtupu. Katiba hiyo hiyo, inapofika kwenye habari za uongo zinazokuathiri, haisemi tena raia. Inasema kila mtu ana haki ya kudai habari hizo zirekebishwe au zifutwe. Kifungu cha 47 kinampa kila mtu aliyeathiriwa na uamuzi wa ofisi ya umma haki ya kupewa sababu kwa maandishi. Na Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inakuruhusu kudai data zako mwenyewe bila kujali uraia. Kwa hiyo asiye raia aulize faili lake na sababu za kukataliwa kwake. Ya kandarasi, amwombe jirani mwenye kitambulisho aandike.

"Hiyo ni siri ya serikali."
Siri zipo: usalama wa taifa, faragha ya mtu, siri za biashara. Ila si neno la kumfungia mtu mlango tu, kwa sababu manufaa ya umma yakizidi madhara, habari inatolewa. Mikataba ya reli ya SGR ilifichwa miaka kwa hoja za usiri. Wanaharakati wawili wakaenda Mahakama Kuu ya Mombasa, na Mei 2022 wakashinda. Novemba mwaka huo Waziri wa Uchukuzi, Kipchumba Murkomen, akaweka hadharani mikataba ya mkopo kutoka benki ya Exim ya China.

"Wakinyamaza, basi tena."
Ofisi ina siku 21 za kukujibu, na inaweza kuongeza 14 mara moja tu. Kama ni suala la uhai au uhuru wa mtu, ni saa 48. Muda ukipita bila jibu, sheria inahesabu kwamba umekataliwa, na hapo ndipo unapopata nguvu ya kwenda kwa Ombudsman, ile ofisi ya malalamiko ya umma yenye kaulimbiu "Hata Mnyonge ana Haki". Usizembee: una siku 30 za kuomba uamuzi upitiwe upya.

Ada ya kupeleka ombi hakuna; utalipia gharama halisi ya nakala. Barua yaweza kuwa ya Kiswahili, na asiyejua kuandika anaruhusiwa kusema, afisa akamwandikia.

Barua yenyewe ndiyo huwaangusha wengi. "Naomba habari zote za barabara yetu" itazungushwa hadi uchoke. Andika hivi: "Naomba nakala ya mkataba, orodha ya kazi na bei zake, na vyeti vya malipo vya barabara ya soko hadi shule ya msingi, mwaka wa fedha 2023/2024." Peleka nakala mbili. Moja waache nayo, ya pili igongwe muhuri wa mapokezi wenye tarehe, kwa kuwa siku zako 21 zitahesabiwa hapo.